Mguu wa Mwalimu Nyaga na Gozi Isiyotaka Kufunguliwa

Jana nilimkuta Makena, yule wa chumba cha mwisho karibu na tangi la maji, ameketi kwenye ngazi akibandua plasta kidogo kidogo. Aliungua mkono na maji ya chai juzi juzi. Nikamuuliza, "Unatafuta nini humo ndani?" Akaniambia, "Naangalia tu, Shosho. Nione kama inapona." Na huyu anasomea uuguzi hapa chuoni, vitabu vyake vizito kuliko debe la viazi. Nilicheka mpaka nikashika ukuta. Usinune, Makena, sikukucheka wewe. Nilimkumbuka mtu mwingine aliyeniambia maneno hayo hayo, na mtu huyo ndiye aliyenifundisha kazi.

Leo mvua imewafungia ndani na nguo zenu zimejaa barazani kwangu kama duka la mitumba, basi vuteni viti. Nyinyi mnanijua kama Shosho, bibi mwenye nyumba hapa Nchiru, wa kuwakemea muoshe choo. Kabla ya hapo nilikuwa Sista Kagendo, na kazi yangu ilikuwa vidonda. Sikuwa wa kuzalisha wala wa chumba cha upasuaji. Nilikuwa wa chumba kidogo chenye meza na beseni, na harufu ambayo ukienda nayo nyumbani hata paka anakukwepa.

Mimi ni mtoto wa Kiirua, kwenye baridi. Nilipomaliza mafunzo nikapangiwa zahanati moja kule Kiritiri, Mbeere, nikafika na sweta mbili na blanketi zito kwenye jua lile. Aliyenipokea ni Mwalimu Nyaga. Hakuwahi kufundisha shule yoyote. Alikuwa mfunga vidonda wa zahanati, mrefu, mwembamba, shati limepigwa pasi hata kola, na watu walimwita Mwalimu kwa sababu kila muuguzi mgeni alipitia mikononi mwake. Akaangalia sweta zangu akasema, "Hizo tutawavalisha mbuzi." Huo ndio ulikuwa ukaribisho wangu.

Somo la kwanza lilikuwa la pua. Mgonjwa aliingia, mchoma makaa aliyejikata muundi na panga, nami nikarukia bendeji na makasi. Mwalimu akanishika mkono. "Unaingia nyumba ya watu bila hodi? Nusa kwanza." Nikanusa, nikataka kutapika. "Sasa niambie." Nikasema inanuka. Akasema, "Hata choo kinanuka. Hii inanuka aje?" Basi akanifundisha. Harufu tamu tamu kama tunda lililoiva kupita kiasi, ukifungua utakuta usaha wa kijani. Harufu ya nyama iliyooza, kuna sehemu imekufa na lazima iondolewe, hata umwage dawa ndoo nzima. Damu mbichi ina harufu yake. Halafu mgongo wa mkono: uweke juu ya bendeji, uweke na kwenye ngozi ya pembeni, ulinganishe joto. Halafu vidole vya mguu: vina rangi gani, vinasikia ukivifinya? Hayo yote kabla hujagusa makasi. Mgonjwa mwenyewe alikuwa amekaa pale akitusikiliza, na mwisho akasema, "Mwalimu, si mnifungue tu, niende?"

Enzi hizo kufunga kidonda kulikuwa ni kuosha. Tuliosha asubuhi, tukaosha jioni. Tulichanganya dawa ya klorini wenyewe, tukalowesha gozi, kile kitambaa chepesi cha kufunikia kidonda, tukaijaza kidondani. Gozi ikikauka ilishika nyama, na ukiivuta mgonjwa anaita jina la mama yake. Tuliamini maumivu hayo ni dalili ya usafi. Miaka ilipopita tukaambiwa ile dawa iliua wadudu kweli, lakini iliunguza pia nyama mpya inayoota. Sijilaumu, wala simlaumu Mwalimu. Tulitumia tulichonacho na watu wengi walienda nyumbani wakitembea.

Na hatukutupa kitu. Bendeji zilifuliwa, zikachemshwa, zikaanikwa kwenye waya nyuma ya zahanati, zikakunjwa tena. Siku moja mbuzi wa jirani alikula bendeji nzima, na Mwalimu akamfuata mbuzi yule mpaka kwao kumwambia mwenyewe, "Huyu mnyama wako atatoka na bendeji, nirudishieni." Alisema kwa uso mkavu kabisa. Mwenye mbuzi hakujua acheke au akimbie.

Kuna wakati dawa ziliisha kabisa, tukatumia sukari. Ndiyo, sukari ya chai. Ukiijaza kwenye kidonda chenye usaha inanyonya maji, na wadudu hawastawi. Asali nayo ni hivyo hivyo, na Mbeere asali haikosi kwenye mizinga. Lakini Mwalimu alikataa asali ya sokoni iliyojaa nta na mabawa ya nyuki, na hata nyinyi msije mkaniambia mmemwaga asali ya kibandani kwenye kidonda cha mtu. Ya hospitali husafishwa kwanza. Basi tulijaza sukari, kidonda kikaanza kusafika vizuri, tukajipongeza. Asubuhi tukakuta sisimizi wamepanga mstari kutoka dirishani mpaka kitandani. Mwalimu alitafuta mikebe ya maziwa, akaijaza maji, akasimamisha kila mguu wa kitanda ndani ya mkebe. Mgonjwa akawa analala kama mtu aliye kisiwani.

Lakini kitu kilichomjulisha Mwalimu Nyaga kote Mbeere ni ufungaji wake wa bendeji. Kila mzunguko aliukunja mara moja juu ya muundi, na mikunjo yote ikapangana mstari mmoja ulionyooka, kama nywele zilizosukwa na mtu asiye na haraka. Haikulegea, haikubana. Alimalizia kwa kuchomeka ncha ndani, huioni. Alinifundisha mwaka mzima. Mikunjo yangu ilikwenda upande kama ng'ombe wanaotoka kwenye dipu la kuogeshea mifugo. Mwisho akasema, "Wacha tu, Kagendo. Wewe tumia pini."

Nilimpenda mzee yule kama baba yangu. Nawaambia hivyo mapema ili mjue moyo wangu ulikuwa wapi katika yanayofuata.

Miaka ikaenda. Nikahamishwa huku na huko, na mwisho nikawa msimamizi wa vidonda katika hospitali moja upande wa Embu. Mambo yalikuwa yamebadilika. Zilikuwa zimekuja gozi zenye dawa ndani yake: nyingine za ayodini, nyingine za asali iliyosafishwa, nyingine zenye madini ya fedha, yale yale ya kutengenezea pete. Hiyo ya fedha ni kitambaa cha kijivu, ukikiona utadhani ni kipande cha gunia. Unakilowesha kwa maji safi yasiyo na chumvi, unakilaza juu ya kidonda chenye wadudu, unafunika, unafunga. Halafu unaacha siku kadhaa. Fedha inatoka pole pole kwenye unyevu, inaua wadudu waliopo na wale wanaonyonywa na kitambaa. Kidonda kinabaki na joto na unyevu, nyama mpya inaota bila kusumbuliwa. Kazi ngumu ya gozi hiyo, mkiniuliza mimi, ni kule kuacha.

Na si muujiza, sikilizeni vizuri. Nyama iliyokufa lazima itolewe kwanza. Kama wadudu wameingia mwilini, mgonjwa anahitaji dawa ya sindano. Kama ana ugonjwa wa sukari, sukari ya mwilini ishuke. Kama anakanyagia kidonda, hakuna gozi duniani itakayomsaidia. Na kidonda kikishasafika unaiacha hiyo ya fedha, unaweka ya kawaida.

Sasa, asubuhi moja nikaitwa wadi ya wanaume. Nikaona mguu kabla ya kuona uso. Unyayo umevimba, kidole kidogo kimekuwa cheusi, kidonda kirefu ubavuni mwa unyayo, wekundu umeanza kupanda kwenye kifundo. Nikanusa: tunda lililoiva kupita kiasi. Halafu sauti ikasema, "Angalau umenusa kwanza." Nikainua macho. Alikuwa Mwalimu Nyaga, amekonda, nywele zote nyeupe, na shati limepigwa pasi hata kola.

Alikuwa na ugonjwa wa sukari. Kiatu kilimchubua, hakusikia, akajitibu mwenyewe nyumbani mpaka binti yake, Wanja, akamleta kwa nguvu. Daktari wa upasuaji, kijana mpole ambaye hakupenda kukata watu, aliondoa kile kidole na nyama yote iliyokufa. Tukaanza sindano, sukari ikaanza kushuka, nikaweka gozi ya fedha kwa mikono yangu. Daktari akasema waziwazi mbele ya Wanja, "Tuipe hii mpaka Ijumaa. Wekundu ukiendelea kupanda, itabidi tukate chini ya goti, la sivyo tutampoteza."

Mwalimu alingoja daktari aondoke. Kisha akaniambia kwa Kimbeere, taratibu, ili wagonjwa wengine wasisikie. "Kagendo, mguu huu ndio nilioendea nyumba za watu walioshindwa kuja zahanati. Ukikatwa, mimi sirudi Kiritiri kukalishwa kwenye kiti nikihesabu kuku. Ikifika hapo, nipelekeni nyumbani nao, nife nao." Wanja akaanza kulia. Mimi nilisema lazima nikaangalie mgonjwa mwingine, nikaenda nikasimama nyuma ya mlango wa stoo.

Kidonda hakikwenda mbele. Kila nikifika, ngozi ya pembeni ilikuwa na joto, wekundu uko pale pale, halafu ukasogea juu upana wa kidole. Sikuelewa. Sukari ilikuwa imetulia, sindano alikuwa anapata, hakanyagi chini. Nilianza kuishuku ile gozi yenyewe.

Asubuhi moja baada ya siku yangu ya mapumziko nikapita kitandani kwake, nikaona bendeji imekaa vizuri ajabu. Nikamwita muuguzi kijana wa wadi, msichana mmoja aitwaye Muthoni, nikamsifu. "Umeifunga vizuri sana hii. Endelea hivyo hivyo." Muthoni akanitazama. "Sista, mimi sijaigusa. Si ulituambia isifunguliwe?"

Nikarudi kuiangalia. Mikunjo yote ilikuwa juu ya mguu, mstari mmoja ulionyooka. Ncha imechomekwa ndani, pini yangu haipo. Mkono ule niliujua. Duniani kulikuwa na mtu mmoja tu wa kufunga namna ile, na alikuwa amelala pale akijifanya anasoma Biblia.

Nikavuta kiti. "Mwalimu, umefungua lini?"

"Naangalia tu," akasema.

"Kila siku?"

"Asubuhi. Mkiwa kwenye mkutano wenu. Siku zote nafunga vibaya kama wewe na kurudisha pini; jana hukuwepo, mikono ikajisahau."

Kwenye kabati la kitanda kulikuwa na chupa ya chai. Nikaifungua, nikaonja tone: maji ya chumvi. Wanja alikuwa anayaleta kutoka kwa jamaa yao mjini, mzee alimwambia ni ya kusukutua koo. Kumbe kila asubuhi alikuwa anafungua, anaosha kidonda, anaifua ile gozi ya fedha kwenye maji ya chumvi, anaikamua vizuri, anairudisha. Kama vile tulivyofanya Kiritiri. Hakutaka kuharibu mali ya hospitali.

Hasira ilinipanda, siwafichi. Nikamweleza kwa sauti ya chini lakini kali. Chumvi inaishika ile fedha, haitoki tena kuua wadudu. Kufungua kila siku kunabandua nyama changa na kupoza kidonda. "Tunajitahidi kuuokoa mguu wako, na wewe kila asubuhi unaturudisha mwanzo."

Alivuta shuka mpaka kifuani, akaonekana mdogo. "Unamkumbuka yule kijana wa Kiritiri, wa kupakia mchanga kwenye malori?" akaniuliza. Nilimkumbuka. Alifungwa kidonda kwenye duka la dawa, akaambiwa asifungue, akatii. Alipotufikia tulifungua tukakuta mguu umeshaoza, na alikufa mikononi mwa Mwalimu. "Mimi nimeona vilivyofungwa, Kagendo. Usipofungua, utajuaje?"

Hasira yote ikanitoka. Huyu hakuwa mzee mkaidi. Alikuwa anaogopa, na mikono yake ilijua njia moja tu ya kutuliza woga.

Nikamwambia, "Wewe ndiye ulinifundisha kujua kabla ya kufungua. Ulinishika mkono, ukanikataza kuingia bila hodi. Au ulinidanganya?"

Nikatoa kalamu mfukoni, nikamwekea mkononi. Kwanza nikamfunga upya, gozi mpya, maji yasiyo na chumvi, na ile chupa ya chai nikaondoka nayo. Kisha tukaelewana. Kila asubuhi angenusa. Angeweka mgongo wa mkono juu ya kifundo. Angefinya vidole vilivyobaki. Unyevu ukitokeza kwenye bendeji, angeuzungushia mstari kwa kalamu. "Unyevu ukivuka mstari, au ukinusa usichokipenda, niite. Nitafungua hapo hapo, mbele yako, sitakuuliza maswali. Lakini wewe usifungue."

"Nikikuita bure?"

"Niite bure."

Nilimweleza daktari kila kitu. Alifunika mdomo kwa mkono, mabega yakimtetemeka kwa kicheko, halafu akakumbuka jambo lilivyo zito. Akasema wekundu haujafika pabaya, homa hana, atamwangalia kila siku, tusogeze mbele kidogo. "Lakini Sista, ni kidogo tu."

Kilichobaki ni ile mikono ya Mwalimu. Nilipita nikamkuta ameikalia, nawaambia kweli, ameikalia kabisa kama mtoto aliyekatazwa sukari. "Itanishinda," akasema. Nikamletea kikapu cha bendeji za wadi zilizofuliwa, nikamwambia azikunje. Alizikunja zote. Nikaleta za wadi ya akina mama. Wagonjwa wa pembeni wakaanza kumtania kwamba akimaliza atakunja na mapazia.

Halafu asubuhi moja, hata chai haijagawanywa, Muthoni akaja mbio. "Sista, Mwalimu anakuita." Nilikwenda roho mkononi. Alikuwa ameketi wima, kalamu mkononi. Unyevu ulikuwa umevuka mstari wake. "Na kuna harufu," akasema. "Siijui. Katika maisha yangu siijui."

Siku ya kufungua ilikuwa haijafika. Lakini nilikuwa nimetoa neno langu. Nikanawa mikono, nikavaa glovu, nikafungua mbele yake. Gozi ilitoka imelowa, kijivu kimechafuka, na harufu ilikuwa ya hiyo gozi yenyewe iliyoshiba. Chini yake kidonda kilikuwa chekundu, chekundu kizuri chenye vichembe vidogo, kinang'aa. Usaha wa kijani haukuwepo. Wekundu wa kifundo ulikuwa umerudi chini kwenye unyayo.

Mwalimu aliinama akakitazama muda mrefu. Alinusa kidonda chenyewe, akanusa tena. Kisha akasema, "Funga." Nikachukua gozi nyingine. Akaongeza, "Na safari hii usinisikilize nikikuita mapema." Nilimwambia nitamsikiliza, na machozi yakadondoka kwenye aproni yangu mbele ya wadi nzima. Sikujali.

Hawakumkata. Gozi ya fedha tuliiacha kidonda kiliposafika, tukaendelea na ya kawaida, na kilichukua miezi kufunga kabisa, nyumbani kwake, kwa kiatu maalum na Wanja akimchunga kama polisi. Siku ya kuondoka wadini alishika bendeji yangu ya mwisho, akaitazama mikunjo yangu ya ng'ombe wa dipu, akaigusa pini, akaiacha ilivyo.

Baada ya kustaafu, kabla sijajenga hivi vyumba, nilikwenda Kiritiri kumwona. Tulikula, tukacheka habari ya mbuzi na bendeji. Jioni haijaingia nikaaga. Akachukua fimbo yake, akasimama anisindikize. Tulifika kwenye lango, nikamwambia, "Inatosha Mwalimu, rudi." Akaendelea. Tukapita shamba la mtama, tukapita kanisa lao, nikamwambia tena, njia ni ndefu, mguu usije ukachoka. Aliendelea kutembea kando yangu, pole pole, fimbo ikigonga vumbi, mpaka tukaiona barabara.

Hapo akasimama. Akatazama kiatu chake, akanitazama mimi.

"Kagendo," akasema, "mguu huu ulikuwa unakwenda kuwaona watu. Nilitaka ujue bado unakwenda."

Kisha akageuka, nami nikabaki nimesimama pale kando ya barabara, nikimtazama akirudi nyumbani kwa miguu yake yote miwili.